Uraibu wa Picha za Ngono: Maswali Ninayoulizwa Pembeni

Haya maswali hayaulizwi mbele za watu. Huja saa tano usiku kwa ujumbe, na karibu kila mara huanza hivi: "Kaka, nina rafiki yangu ana tatizo." Nimezoea kumjibu huyo rafiki. Nami nilikuwa "rafiki" wa namna hiyo kwa miaka kadhaa, nimepanga chumba kimoja Tandika, nina simu na bando la usiku. Kwa hiyo majibu yangu yana sehemu mbili: niliyoyasoma baadaye na yaliyonichoma mwenyewe.

Huu ni ugonjwa kweli, au ni tabia mbaya inayotafutiwa jina la kitaalamu?

Wataalamu wenyewe hawajamaliza kubishana. Shirika la Afya Duniani lilipopitisha toleo la 11 la orodha yake ya magonjwa mwezi Mei 2019, liliingiza humo tatizo la tabia ya ngono isiyozuilika na kulipa namba 6C72. Orodha hiyo ilianza kutumika Januari 1, 2022. Mtu aliyeshindwa kabisa kujizuia kutazama picha za ngono anaweza kuingia hapo. Lakini angalia lilipowekwa: fungu la watu wanaoshindwa kuzuia msukumo, pamoja na wale wanaoiba vitu wasivyovihitaji na wale wanaochoma moto ovyo. Kamari iliwekwa fungu la uraibu, jirani na pombe na heroini. Hili letu halikuwekwa huko. Nao madaktari wa akili wa Marekani walipotoa toleo la tano la mwongozo wao wa magonjwa ya akili mwaka 2013, walipelekewa pendekezo la ugonjwa unaofanana na huu wakalikataa, wakisema ushahidi hautoshi.

Mimi naendelea kusema "uraibu" kwa sababu ndilo neno watu wanalolitumia wanapoomba msaada. Mtu anayelia saa nane usiku hana haja ya kujua yuko fungu gani.

Nitajuaje kama nimevuka mstari?

Watu wengi huanza kwa kuhesabu: mara mbili kwa wiki, mara tatu kwa siku. Hesabu peke yake haisemi kitu. Wapo wanaotazama mara nyingi na maisha yao yako sawa, na wapo wanaotazama kidogo huku mambo yao yakiporomoka. Daktari atataka kujua mengine. Umejaribu kuacha mara ngapi ukashindwa? Kuna vitu vya maana umeviacha, kama usingizi, kazi, masomo au watu wako? Umeendelea hata baada ya kupata hasara ya wazi? Bado unatazama hata pale ambapo huoni raha yoyote? Na hali hiyo imedumu muda gani, kwa kuwa kipimo cha kawaida ni miezi sita au zaidi, wala si wiki mbili za mitihani.

Dalili yangu mimi ilikuwa ya kijinga. Nilikuwa nikichelewa daladala ya saa kumi na mbili asubuhi, kila Jumatatu, na kila Jumatatu nilikuwa na uongo mpya kwa msimamizi wa kazi. Hesabu ya uongo ndiyo iliyonishtua, kuliko hesabu ya video.

Na usiogope kupita kiasi. Utafiti mkubwa uliohoji watu zaidi ya 82,000 katika nchi 42, uliochapishwa mwaka 2024, ulikuta walio kwenye hatari ya tatizo hili ni kama asilimia 3. Watazamaji ni wengi kuliko hapo kwa mbali. Kutazama na kufungwa na kutazama ni mambo mawili.

Mimi ni mtu wa dini. Naangalia labda mara moja kwa mwezi, lakini najiona mraibu kabisa. Kuna dawa?

Nalipenda swali hili, maana linaulizwa na watu waaminifu. Mtafiti mmoja wa Marekani, Joshua Grubbs, pamoja na wenzake, wamelifuatilia kwa miaka mingi. Wanachokikuta ni kwamba mtu anayeamini kuwa jambo ni baya sana kisha akalifanya, huwa mwepesi wa kujiita mraibu hata kama analifanya mara chache. Maumivu yake ni ya kweli kabisa. Ila yanatoka kwenye pengo kati ya imani yake na kitendo chake. Hata Shirika la Afya Duniani limeandika wazi kwamba dhiki inayotokana tu na kujihukumu kimaadili haitoshi kumpa mtu jina la ugonjwa huu.

Sisemi kwamba dhambi imefutwa. Hilo kamuulize shehe au padri wako, si mimi. Ninachosema ni kwamba anayetazama mara moja kwa mwezi ana la kutubu na kurekebisha kama anavyofanya kwa makosa yake mengine. Akishajibandika "mimi ni teja wa ngono", atatembea kama teja, ataficha kama teja, na ile mara moja itakuwa mara kumi.

Kwa nini naendelea hata ninapokuwa sifurahii tena?

Kwa sababu kutamani na kufurahia ni mashine mbili tofauti kichwani. Kent Berridge wa Chuo Kikuu cha Michigan ameonyesha hivyo kwa miaka mingi: kemikali iitwayo dopamini, ambayo mitandaoni watu wanaiita kemikali ya raha, inahusika zaidi na kukusukuma ukitafute kitu kuliko na utamu wa kitu chenyewe. Kutamani kunaweza kupanda huku kufurahia kumeshuka. Ndiyo maana unaweza kukaa saa mbili ukifungua na kufunga kurasa, huku moyoni unajua hakuna hata moja unayoipenda.

Nyongeza ya pili ni upya wa mambo. Wolfram Schultz alipopima seli za dopamini za nyani waliokuwa wakipewa matone ya juisi, aliona kwamba seli zilichangamka pale juisi ilipokuja bila kutarajiwa. Nyani alipokwisha kuizoea ishara inayotangulia juisi, mchangamko ulihamia kwenye ishara, na juisi yenyewe haikuleta kishindo. Sasa fikiria simu yako. Kila ukisogeza kidole kuna sura mpya, na ishara ni nyingi: chumba kitupu, mlango uliofungwa, bando lililoingia, hata mwanga wa skrini saa sita usiku. Mwili unaamka kabla hujaamua lolote.

Vijana waliopitia dawa za kulevya wana neno lao, arosto, kwa ile hali ya mwili kudai kitu chake. Hii yetu si arosto ya heroini. Hutatapika wala hutaumwa viungo. Lakini kukosa utulivu, hasira za karibu na usingizi kukimbia siku za mwanzo, hayo watu wengi wanayasimulia.

Nimesikia ubongo unasinyaa. Ni kweli?

Habari hiyo ilitoka Berlin. Mwaka 2014 Simone Kühn na Jürgen Gallinat walipima ubongo wa wanaume 64, wakakuta kwamba waliokuwa wakitazama saa nyingi zaidi kwa wiki walikuwa na tishu ya kijivu pungufu kidogo kwenye sehemu moja ya ubongo inayohusika na kutafuta vitu vya kufurahisha. Magazeti yakaandika "inasinyaza ubongo". Utafiti haukusema hivyo. Watu walipimwa mara moja tu, kwa hiyo haijulikani kama kutazama ndiko kulikopunguza, au wenye maumbile hayo ndio wanaovutwa zaidi kutazama. Kuku na yai.

Nikiwa na mwenzangu nashindwa, lakini nikiwa na simu niko sawa. Nguvu za kiume zimekwisha?

Kwa ujumbe wote ninaoupata, huu ndio mwingi, na ndio unaoliwa pesa nyingi. Ukitembea kuanzia Kariakoo mpaka Mbagala hukosi bango la dawa ya nguvu za kiume, na karibu kila bango linataja punyeto: imelegeza mishipa, imekausha maji, imefupisha uume. Hakuna mshipa unaolegezwa na mkono. Hiyo ni biashara inayouza hofu kwanza na unga baadaye.

Sasa tulitazame jambo lenyewe taratibu. Kama unaamka asubuhi uume umesimama, na ukiwa peke yako unasimama, basi mabomba na nyaya ziko sawa. Kinachokwama mara nyingi ni kichwa: hofu ya kushindwa, kujitazama kama mwamuzi wa mpira badala ya mchezaji, na mazoea. Mtu aliyejizoeza miaka mitano kusisimka kwa namna moja tu, kwa kasi yake, kwa mkazo wa mkono wake, kwa sura inayobadilika kila nusu dakika, anapokutana na binadamu mmoja anayepumua na kuongea, mwili unachelewa kuelewa. Tafiti kuhusu picha za ngono zenyewe kuleta udhaifu huu hazijaafikiana. Baadhi zinaona uhusiano, nyingine hazioni. Lakini mazoea ya namna hii watu wengi wameyabadilisha kwa kupumzisha simu na kuacha kulifanya tendo kuwa mtihani.

Kama asubuhi hakuna kitu, na peke yako hakuna kitu, achana na habari ya picha na nenda hospitali upimwe sukari, presha na mafuta ya damu. Mishipa ya uume ni myembamba kuliko ya moyo, kwa hiyo ikianza kuziba, huku chini hujua kwanza. Kuna wanaume wameokolewa na tatizo hili kwa sababu liliwapeleka kwa daktari kabla ya moyo kugoma.

Na huo unga wa bango? Mamlaka ya dawa ya Marekani imetoa tahadhari mara nyingi kuhusu dawa zinazoitwa za asili ambazo, zilipopimwa, zilikutwa na sildenafili, ile dawa iliyomo kwenye Viagra, ndani yake bila kuandikwa kwenye pakiti. Kwa mtu anayetumia dawa za moyo za jamii ya nitreti, mchanganyiko huo unaweza kushusha presha mpaka akafa. Kwa hiyo anayekuambia "haina kemikali" mwulize amepima wapi.

Punyeto ndiyo tatizo, au picha?

Kitabibu punyeto haina madhara ya mwili, ukiacha michubuko kwa anayezidisha nguvu. Picha na punyeto hufungana kwa wengi kama kijiti na kiberiti, kwa hiyo unayetaka kuacha moja jiulize kama nyingine ndiyo inayokuwashia. Wapo walioacha picha tu ikatosha. Mimi sikuweza.

Nianzie wapi, leo hii?

Anza na kitanda. Sina jibu la kitaalamu kuliko hilo. Simu isilale na wewe. Chaja ihamie sebuleni, jikoni, kwa jirani wa chumba cha pili kama ni mtu wako, popote pale ambapo kuifikia kunakutaka uamke, uvae na utoke. Utaniambia unaitumia kama alamu. Nunua simu ya kitochi, ina alamu inayoamsha mtaa mzima.

Kisha kwa siku saba usiache chochote. Ndiyo, umesoma sawasawa. Andika tu kwenye karatasi: saa ngapi, uko wapi, ulikuwa unahisi nini dakika kumi kabla. Mimi niliandika kwa wiki moja, na nilichokiona kilinitia aibu ya aina nyingine. Hamu ya ngono ilikuwa sababu mara mbili tu. Mara nyingine zote ilikuwa ni baada ya kugombezwa kazini, baada ya kuongea na nyumbani kuhusu pesa nisizokuwa nazo, au ni Jumapili mchana sina pa kwenda. Nilikuwa naitumia kama Panadol. Ukishajua unameza Panadol, unaanza kutafuta panapouma.

Baada ya hapo ndipo uingie kwenye simu. Kwenye Android ya toleo la 9 na kuendelea, nenda kwenye mipangilio, fungua sehemu ya mtandao, tafuta DNS ya faragha (Private DNS), halafu andika family.cloudflare-dns.com na uhifadhi. Ni bure, na inazuia tovuti nyingi za ngono hata ukifungua ukurasa wa siri wa kivinjari. Kwenye iPhone tumia sehemu ya muda wa skrini (Screen Time) kuzuia tovuti za watu wazima, na nenosiri lake aliweke mtu mwingine. Utasema kizuizi cha Android kinazimika kwa sekunde kumi. Najua. Kazi yake ni kukupa hizo sekunde kumi, ambazo zamani hukuwa nazo.

Kizuizi hicho hakigusi WhatsApp wala Telegram, na kwa Bongo mlango mkubwa uko huko. Zile grupu za "konekisheni", yaani za video za ngono zilizovujishwa, toka zote, bila kuaga. Kwenye mipangilio ya faragha ya WhatsApp chagua kwamba anayeweza kukuingiza kwenye grupu ni aliyemo kwenye orodha yako ya namba tu, na zima upakuaji wa video wa kujiendesha. Grupu la waliosoma pamoja ambalo kila Ijumaa kuna mtu anatupia kitu, hilo ni gumu zaidi kwa sababu kuna marafiki humo. Mimi nilitoka na kusema simu imejaa. Waliamini.

Mwisho, ujue namna ya kukaa na hamu ikija. Ukipigana nayo inakua. Mwaka 1987 mwanasaikolojia Daniel Wegner aliwaambia wanafunzi wasimfikirie dubu mweupe, na dubu akawajaa kichwani. Alan Marlatt, aliyewatibu walevi Seattle kwa miaka mingi, alifundisha njia nyingine: itazame hamu kama wimbi. Wakazi wa pwani hili halihitaji maelezo. Wimbi linakuja, linapanda, linavunjika, linarudi, nawe hukulizuia, ulisimama tu. Tafuta iko wapi mwilini, kifuani au tumboni. Pumua, iache ipande. Aghalabu dakika ishirini au thelathini hazipiti kabla haijalegea, hasa ukiwa umetoka nje ya chumba.

Je, kuna ushahidi kwamba njia hizo zinafanya kazi, au ni maneno?

Upo, japo si mwingi kama ningependa. Jesse Crosby na Michael Twohig wa Utah, Marekani, walichapisha mwaka 2016 jaribio la wanaume 28. Baadhi walipata vikao 12 vya tiba ambayo haimfundishi mtu kuua hamu; inamfundisha kuiacha ipite huku akifanya yale anayoyathamini maishani. Kutazama kwao kulishuka kwa zaidi ya asilimia 90, ilhali waliokuwa wakisubiri zamu walipungua kama moja ya tano tu. Ni watu wachache na wote wanaume, kwa hiyo usiichukue kama aya. Lakini ni bora kuliko bango la Mbagala.

Nilikaa siku 41 safi, jana nimeanguka. Nimerudi sifuri?

Umeanguka siku moja katika siku 42. Marlatt alilipa jina kosa linalofuata: mtu aliyeapa kuacha kabisa akiteleza kidogo, hujiambia "nimeshaharibu" na kumaliza usiku mzima, halafu wiki nzima. Kuteleza kwa dakika kumi kunageuka mafuriko kwa sababu ya sentensi hiyo moja. Kwa hiyo leo fanya kazi ndogo tu: rudi kwenye karatasi yako, andika kilichotokea dakika kumi kabla. Umepata taarifa ambayo siku zote 41 hazikukupa.

Ndiyo maana sipendi sana kuhesabu siku. Hesabu ikifika mbali inakuwa mungu mdogo, na ikivunjika inaondoka na kila kitu.

Lakini si wanasema siku 90 ubongo unajirudi?

Hakuna maabara iliyoitoa namba hiyo kwa jambo hili. Namba ninayoijua ni ya Phillippa Lally na wenzake wa London: walifuatilia watu 96 wakijenga tabia mpya ndogo ndogo, na wastani wa tabia kuwa ya kujiendea ulikuwa siku 66, ila mmoja alichukua 18 na mwingine alikadiriwa 254. Na walikuta kukosa siku moja hakuharibu.

Ramadhani naacha mwezi mzima bila shida, Idi pili nimerudi. Ina maana mimi ni mnafiki?

Ina maana unaweza. Tazama mwezi ule ulivyopangwa: kuna daku, kuna futari na watu, kuna tarawehe, usiku una ratiba, na kila mtu unayemjua anajizuia pamoja nawe. Simu haikubadilika, wala shetani wa bando la usiku hakuwa amefungiwa akaunti. Kilichobadilika ni kwamba hukuwa peke yako na hukuwa na saa tupu. Idi ikiisha vyote hivyo vinaondoka siku moja. Wakristo wananiambia hivyo hivyo kuhusu Kwaresima. Badala ya kujiita mnafiki, chukua kipande kimoja cha ratiba hiyo ukihamishie Shawali: swala moja msikitini na watu wale wale, au chakula cha jioni usichokula peke yako chumbani.

Ni lazima nimwambie mtu?

Si lazima, lakini sijamwona aliyetoka bila hivyo. Mficha maradhi, kilio humuumbua. Siri ndiyo nusu ya tatizo hili: inakupa maisha ya pili, na maisha ya pili yanahitaji kutunzwa. Mtafute mmoja tu, asiye na mdomo, asiyeshtuka haraka. Anaweza kuwa kaka, mjomba, mchungaji, au rafiki uliyemwona akitunza siri ya mtu mwingine. Mimi nilimwambia binamu yangu tukiwa tunasubiri boti, nikiangalia baharini ili nisimwone uso. Akanyamaza, kisha akasema, "Hata mimi." Sikuwa nimejiandaa kwa jibu hilo.

Nikioa itaisha?

Hapana. Utaileta ndani ya ndoa kama sanduku, na sasa kuna mtu mwingine anayejikwaa nalo.

Nimekuta kwenye simu ya mume wangu. Ni mimi nimepungukiwa nini?

Hujapungukiwa kitu, dada yangu. Nasema hivi kwa sababu najua utakachoambiwa. Shangazi atakuambia ujipambe, somo atakukumbusha mafunzo ya unyago, na utarudi chumbani kushindana na kitu kisichoshindika, kwa kuwa kinabadilika sura kila nusu dakika. Wengi wa wanaume hawa walianza wakiwa wavulana, miaka kumi kabla ya kukuona.

Una haki ya kuumia, hasa kwa uongo. Wanawake wengi wanaoniandikia wanasema video zenyewe ziliwauma kidogo. Kilichowavunja ni kuapiwa mara tatu kwamba hakuna kitu. Chagua muda ambao hakuna aliyekasirika na watoto wamelala. Sema ulichokiona na kilivyokuumiza, bila kumwita majina, halafu mwulize anataka kufanya nini. Usijigeuze askari wa kupekua simu kila usiku. Kazi hiyo itakumaliza wewe na kumfundisha yeye kuficha vizuri zaidi. Na kama anakulazimisha ufanye usiyoyataka kwa sababu ameyaona huko, hilo ni jambo jingine kabisa. Hapo huhitaji subira. Unahitaji usalama na mtu wa kukusaidia.

Wanawake nao wanalo?

Wanalo. Wananiandikia wachache, na karibu wote wanaanza kwa kusema wao ni wa pekee duniani. Majibu yote ya hapo juu ni yao pia.

Mwanangu wa miaka 11 nimemkuta anaangalia. Nimchape?

Ukimchapa atajifunza jambo moja tu: siku nyingine ahakikishe haupo. Umri huo si wa ajabu. Ripoti ya Kamishna wa Watoto wa Uingereza ya Januari 2023 ilikuta wastani wa umri wa kuona picha hizi kwa mara ya kwanza ni miaka 13, na mmoja katika kila kumi alikuwa ameona akiwa na miaka 9. Kizazi chetu kiliingia kwa kuchungulia kibanda umiza usiku wakati wa picha za wakubwa, na kulikuwa na mlinzi wa kutufukuza. Kwenye simu ya mama hakuna mlinzi.

Kaa naye chini. Mwulize ameonaje, nani alimwonyesha, alihisi nini. Mwambie zile ni maigizo ya watu wazima, na watu wanaopendana hawafanyiani hivyo. Sikiliza kwa makini sehemu ya "nani alimwonyesha": mtu mzima anayemwonyesha mtoto picha za ngono mara nyingi anamwandalia jambo baya zaidi. Ukiwa na shaka hiyo piga 116, namba ya bure ya msaada kwa mtoto, Tanzania na Kenya pia.

Kuna sheria inayonihusu mimi mtazamaji?

Inayokuhusu zaidi ni kidole cha kutuma. Tanzania, Sheria ya Makosa ya Mtandao ya 2015 inakataza kuchapisha picha za ngono kwa njia ya kompyuta, na simu ni kompyuta. Kenya, sheria ya 2018 inatoa faini ya hadi shilingi 200,000 au kifungo cha hadi miaka miwili kwa anayesambaza picha za faragha za mtu. Picha za watoto ni kosa kubwa zaidi kila mahali. Usimtumie mtu hata kwa nia ya kumwonyesha ushahidi.

Na zile "konekisheni" tunazotoka mbio kuzifungua ni za binti wa watu ambaye hakukubali. Hata kampuni kubwa zimelazimika kuona hili: Desemba 2020 Pornhub iliondoa mamilioni ya video zilizopandishwa na watu wasiothibitishwa, baada ya kuandikwa kwamba kulikuwa na za ubakaji na za watoto ndani yake.

Hospitali nitasema nini? Na kuna dawa?

Hakuna dawa iliyoidhinishwa kwa ajili ya tatizo hili hasa. Madaktari wakati mwingine hutoa dawa za sonona, au naltreksoni ambayo hutumika kwa waraibu wa pombe na heroini, lakini hiyo ni kazi yao kuamua, usiinunue dukani. Mara nyingi kinachotibiwa kwanza ni kilicho chini yake: sonona, wasiwasi, upweke, pombe. Kama una mawazo ya kujidhuru, usisubiri kumaliza kusoma hapa, nenda leo na mtu akusindikize.

Dar es Salaam kuna idara ya afya ya akili Muhimbili, Dodoma kuna Mirembe, Unguja kuna Kidongo Chekundu, Nairobi kuna Mathari, Kampala kuna Butabika. Hospitali za rufaa za mikoa nazo nyingi zina kliniki ya afya ya akili siku maalumu. Watu huogopa dirisha la mapokezi kuliko daktari. Dirishani huna haja ya kueleza. Sema, "Naomba kumwona daktari wa afya ya akili," toa kadi ya bima kama unayo, kaa kwenye benchi. Wa kushoto kwako ana lake na wa kulia ana lake. Ukiingia ndani, kama ulimi utakuwa mzito, fanya nilivyofanya mimi: toa ile karatasi ya siku saba mfukoni, mpe aisome mwenyewe.